Nundu ya Babu Ilivyoingia Ndani ya Mkate

Enzi zetu nyama haikuuzwa ikiwa imesagwa. Buchani kwetu Manyamanyama, mtaa wa Bunda mjini nilikokulia, palikuwa na gogo, shoka, mizani na kulabu nne, na mteja alinyoosha kidole akataja sehemu anayoitaka: paja, ubavu, shingo, kidari. Ukitaka nyama ya kusaga ulirudi nayo nyumbani ukaisaga mwenyewe. Kwa kuwa sehemu yetu ya mtaa ilikuwa na mashine moja tu ya kusagia nyama, ulikuja kuisagia kwetu.

Ilikuwa mashine ya chuma kizito, yenye mdomo mpana juu, mkono wa kuzungusha wenye kishikio cha mbao, na skrubu kubwa chini ya kuibania mezani. Meza yetu iliyumba, hivyo Mama aliibana kwenye ncha ya benchi la mninga, na mtu mmoja alikaa ncha ya pili ili benchi lisinyanyuke. Mtu huyo alikuwa mimi. Nimekaa kwenye benchi lile kwa ajili ya nyama, karanga, na mara moja hata mahindi ya kuchemsha ya jirani mmoja aliyeng'olewa meno na hakutaka kuacha kula mahindi.

Mama aliipata mashine hiyo Musoma kabla hajaolewa. Alikuwa akifanya kazi za jikoni kwa daktari mmoja wa misheni, na daktari alipohama alimwachia mashine pamoja na mapishi ya kitu kimoja: mkate wa slesi wenye nyama ya kusaga yenye pilipili. Kule kwa daktari nyama hiyo ilipikwa bila pilipili kabisa. Pilipili aliiongeza Mama.

Nieleze alivyokuwa akifanya, kwa sababu nimeona vijana wakipika nyama ya kusaga siku hizi na naona wanaiharakisha. Kwanza alikata vitunguu vidogo sana, akavikaanga mpaka vikawa na rangi ya kahawia. Kitunguu saumu na tangawizi alivitwanga pamoja kwenye kinu kidogo, akavitia. Pilipili kichaa alizichuma kwenye ua, nane kwa kilo moja, akazitwanga na chumvi. Zikafuata binzari nyembamba, nyanya mbili, na nyama. Hapo alianza kazi aliyoiona kuwa ndiyo yenyewe, nayo ni kukausha. Alikaa kwenye kigoda mbele ya jiko la mkaa akigeuza kwa mwiko mpaka maji yote yakatoka na nyama ikaanza kulia chini ya sufuria. "Nyama ikiwa na maji, mkate unalowa," alisema kila mara, "na mkate uliolowa ni uji." Mwishoni alikamua ndimu.

Mkate nao haukupatikana hivi hivi. Mikate ya Bunda ilikuwa mizima, ya kukata mwenyewe kwa kisu. Ya slesi ilitoka Musoma kwa basi la asubuhi, na ulipaswa kuwa stendi kabla kondakta hajaigawa kwa wengine. Mama alipaka siagi kwenye slesi, akajaza nyama, akafunika kwa slesi nyingine, akaweka kwenye kikaango kikavu na kukandamiza kwa jiwe bapa alilotoka nalo kwao ziwani. Mkate ulitoka mwembamba, wa dhahabu, na kingo zake zimejifunga. Ukiuma, unasikia siagi kwanza, halafu nyama, halafu unatafuta maji.

Jiwe lile lilikuwa mada ya mzaha katika familia ya baba. Mama alizaliwa kwenye kijiji cha rasi, nyumba ya wavuvi, mahali ambapo mtoto wa miaka mitano anakutajia ningu, furu, gogogo na sato bila kukosea. Upande wa baba ni watu wa ng'ombe, wa Mugeta. Kwao samaki wote walikuwa samaki, na kwa Mama nyama zote zilikuwa nyama. Shangazi Wakuru, dada mkubwa wa baba, hakuchoka kumtania. "Wifi, umekuja na jiwe la ziwani kwenye mji wa ng'ombe," alisema. "Siku nyingine utatuletea na mtumbwi." Mama alicheka kidogo, akaendelea na kazi. Nilikuwa mdogo lakini niliona kwamba kicheko kile kilikuwa kifupi kuliko vicheko vyake vingine.

Sasa nifike kwenye Krismasi ninayotaka kuisimulia. Nilikuwa na miaka kumi.

Katika ukoo wetu kulikuwa na utaratibu. Kila Krismasi, baba mkubwa aliyebaki na ng'ombe wa ukoo kule Mugeta alichinja dume mmoja, na nyama iligawanywa kwa mpango ambao hakuna aliyeuandika na kila mtu aliujua. Ubavu kwa huyu, shingo kwa wajomba, kongosho kwa yule. Nundu ilikuwa ya Babu, baba yake baba, ambaye alihamia Butiama akiwa kijana akajenga huko, juu kidogo ya njia ya kwenda Mwitongo. Nundu ilifungwa kamba ya katani mizunguko miwili na kupelekwa ikiwa nzima. Babu aliipokea kwa mikono miwili, akaitazama, akauliza ng'ombe alikuwa rangi gani. Akishajibiwa, Krismasi imeanza. Nundu isipofika, au ikifika imepungua, maana yake watu wa Mugeta wamemwondoa mzee katika hesabu ya walio hai. Hayo ni maneno ya Shangazi, na hakuyasema kwa utani.

Miaka yote nundu ilipelekwa na Shangazi mwenyewe. Mwaka ule baba mkubwa aliamua kwamba ni zamu ya mke wa mdogo wake kuipeleka. Baba alikuwa dereva wa lori la kiwanda cha kuchambua pamba, na Krismasi hiyo alikuwa amekwama Mwanza akisubiri spea. Kwa hiyo Mama angepeleka peke yake. Alikuwa ameolewa miaka kumi na miwili, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza anakabidhiwa kitu cha ukoo. Wiki nzima alionekana kama mtu mwenye mgeni njiani. Alipiga pasi kitenge mara mbili.

Asubuhi ya mkesha Shangazi alishuka kutoka Mugeta na beseni lililofunikwa majani ya mgomba. Ndani mlikuwa na vipande viwili. Kimoja kikubwa, cha ubavu, chenye mifupa. Kingine kidogo, cha mviringo, bila mfupa, kimefungwa kamba.

"Chenye kamba ni cha mzee," Shangazi alisema. "Hicho kikubwa ni chenu. Usivichanganye, wifi. Mimi naenda sokoni."

"Sitavichanganya," Mama alisema.

Aliweka beseni juu ya kabati, akaniambia niangalie paka, akaenda stendi kuwahi mkate wa Musoma. Alitaka kutengeneza mikate ya nyama ya kubeba safarini na mingine ya kumpelekea mama mkwe wake, kwa sababu kwenda ukweni na mikono mitupu hakukuwezekana.

Niliangalia paka kwa muda. Halafu niliangalia kamba.

Inabidi msomaji aelewe hali yangu. Wakati ule mchezo uliotawala Manyamanyama ulikuwa kuruka kamba. Tulicheza rede pia, tulicheza kombolela, lakini heshima ya msichana ilipimwa kwa idadi ya miruko bila kukosea. Kamba yangu ilikuwa fupi. Nilikuwa nimerefuka, na kadiri nilivyokua ndivyo ilivyozidi kuwa fupi, mpaka nilikuwa naruka nimejikunja kama bibi. Na pale mbele yangu palikuwa na katani mpya, imara, ya mizunguko miwili. Niliwaza kwamba nyama haiihitaji. Nyama haiendi popote.

Niliifungua, nikaiosha damu bombani, nikaiunga kwenye yangu na nikatoka uani. Niliruka thelathini na mbili. Kabla ya hapo sikuwahi kupita kumi na tisa.

Mama aliporudi na mkate, alishusha beseni akakuta vipande viwili havina kamba.

"Nyangeta, kamba iko wapi?"

Nilikuwa nimeificha nyuma ya pipa la maji. "Ililegea ikadondoka," nilisema. "Paka ameiburuta."

Mama aliinama juu ya beseni. Nilimwona akifikiri. Baadaye sana alinieleza alichokuwa akifikiri, na ninakiandika kwa sababu naona ni kosa ambalo mtu wa Mugeta asingeweza kulifanya hata akiwa amefumba macho. Kwao ziwani mkubwa hupewa kikubwa. Samaki wakigawanywa, mzee anapelekewa yule mkubwa kuliko wote, mwenye kichwa chake, na watoto wanapata furu, wale wadogo wadogo. Mama alikuwa amesikia maneno ya Shangazi, lakini lililomkaa kichwani ni neno kamba tu, na kamba haikuwepo tena; nundu iliyokatwa hakuwahi kuishika. Mbele yake palikuwa na kipande kikubwa cha kifahari chenye mbavu tano, na kipande kidogo laini kisicho na mfupa, ambacho kingepita kwenye mashine bila shida. Kipi ni cha mzee na kipi ni cha kusaga? Kwa mtoto wa mvuvi lilikuwa swali lenye jibu.

Mimi nilijua jibu halikuwa hilo. Niliona kipande alichokichukua. Ningesema neno moja tu, ningelazimika kusema na la kamba. Nikaenda kukaa kwenye ncha ya benchi, kama kawaida yangu, na Mama akazungusha mkono.

Nyama ilitoka nyeupenyeupe, yenye michirizi ya mafuta. Sufuriani haikuhitaji mafuta ya kupikia hata kijiko. Iliogelea kwenye mafuta yake yenyewe, na Mama aliyachota akayaweka pembeni kwenye bakuli. "Ng'ombe huyu alinona," alisema, ameridhika. Harufu ilitoka mpaka barabarani. Jirani yetu aliita kupitia ukutani kuuliza leo kuna nini.

Shangazi alirudi kama saa nane mchana na mfuko wa mchele. Aliingia jikoni, akavua viatu, akatazama beseni, ambamo ubavu ulikuwa umelala umefunikwa vizuri kwa jani jipya.

"Wifi," alisema, "ya mzee umeiweka wapi?"

"Si hiyo hapo."

"Hiyo ni yenu."

Mama alisimama na mwiko mkononi. Shangazi hakuuliza tena. Alikwenda kwenye sufuria, akafunua, akachota nyama kidogo kwa vidole viwili, akaitia mdomoni na kutafuna huku akitazama dari. Alitafuna muda mrefu kuliko ilivyohitajika.

"Ni yenyewe," alisema, akakaa kwenye benchi kwa uzito hata mashine ikanyanyuka upande wa pili.

Mama alisema wangeweza kwenda buchani kununua nundu nyingine.

"Nundu ya ng'ombe gani?" Shangazi aliuliza. "Mzee atauliza rangi. Utamwambia rangi gani, ya buchani?" Halafu akasema neno ambalo nadhani hakulikusudia. "Nilimwambia kaka. Nilimwambia huyu ni mtu wa samaki, hivi vitu havijui."

Mama aliweka mwiko chini. Aliketi kwenye kigoda chake, akaanza kupaka siagi kwenye slesi moja baada ya nyingine, mpaka kwenye kingo. Nilitegemea atanitazama na kuuliza tena habari ya kamba. Hakunitazama. Hakumwambia Shangazi kwamba kamba ilikuwa imetoka na mimi ndiye niliyeachiwa beseni. Alibeba lote. Alipomaliza mkate wa mwisho alisema, "Kesho nitampelekea hivyo hivyo. Nundu yake iko humu. Sijatoa hata kidogo zaidi ya ulichoonja wewe."

"Na mafuta yaliyo kwenye bakuli?" Shangazi aliuliza.

"Nayo nitapeleka."

Krismasi asubuhi tulitoka kanisani, tukapanda basi la kwenda Musoma, tukashuka njia panda na kupata lifti ya pikapu mpaka Butiama. Mama alipakata sufuria iliyofungwa ndani ya kitenge. Mimi nilipakata bakuli la mafuta. Shangazi alipakata ubavu, kwa hoja kwamba angalau pawe na kitu chenye mfupa. Kando ya barabara palikuwa na mawe yale makubwa ya Butiama yaliyopandana, na nakumbuka nilijaribu kuyahesabu ili nisifikirie jambo lingine.

Babu alikuwa amekaa barazani kwenye kiti chake cha ngozi, amevaa koti la Krismasi. Alikuwa mrefu, mkavu, msema kidogo. Mama hakuwahi kuzungumza naye zaidi ya salamu, kwa kuwa mke wa mtoto na baba mkwe hawazoeani. Bibi alikuwa mlangoni akipepeta mchele. Tuliwaamkia. Kisha Babu alinyoosha mikono miwili mbele, viganja juu, kama alivyofanya kila mwaka, akasubiri.

Mama alipiga magoti, akaweka sufuria chini, akafungua kitenge na kufunua. Mikate ilikuwa imepangwa safu, hakuna hata mmoja uliolowa.

"Baba," alisema, "nundu yako iko humu ndani. Nimeisaga. Nilikosea kipande."

Mikono ya Babu ilibaki hewani. Alitazama mikate.

"Ng'ombe alikuwa rangi gani?"

"Mwekundu mwenye baka jeupe," Shangazi alisema haraka.

"Sijakuuliza wewe."

Mama aliinamisha kichwa. Hakuijua rangi. Hakuwepo Mugeta alipochinjwa. Shangazi alianza kueleza kwamba aliacha maelekezo, kwamba alisema chenye kamba ni cha mzee, kwamba mtoto mdogo angeelewa. Babu akamuuliza Mama, "Kamba hukuiona?"

Mama akasema, "Sikuiona, baba."

Hapo nilisema. Sikuwa nimepanga kusema. Nilikuwa bado nimeshika bakuli la mafuta.

"Nilitoa mimi. Nikamdanganya Mama ni paka."

Bibi aliacha kupepeta.

"Kamba ulifanyia nini?" Babu aliuliza.

"Kuruka."

Alifikiri juu ya hilo. "Uliruka ngapi?"

"Thelathini na mbili."

"Bila kukosea?"

"Bila kukosea, Babu."

Alitikisa kichwa polepole kukubali, kama mtu aliyepewa taarifa aliyokuwa akiihitaji. Halafu alishusha mkono mmoja, akachukua mkate mmoja kutoka kwenye sufuria, akaugeuza akiutazama pande zote. Akauma.

Ninachokikumbuka ni taya lake. Lilikwenda mbele na nyuma, si juu na chini. Alikuwa akisaga kwa ufizi. Katika miaka yangu yote kumi sikuwahi kugundua kwamba Babu hana meno, kwa sababu hakuwa mtu wa kucheka. Pilipili ilimfika na macho yakajaa machozi. Hakuomba maji. Alimaliza mkate wote, akapangusa machozi kwa mkono wa koti na kuchukua wa pili.

"Hii ndiyo nundu?" aliuliza.

"Ndiyo, baba," Mama alisema.

"Nilikuwa nimesahau ladha yake."

Bibi alianza kucheka pale mlangoni, ungo ukamtikisika mikononi. "Nundu zenu nazitafunaga mimi," alisema. "Miaka sita sasa. Yeye anaipokea, anaitazama, anawaaga, akimaliza ananipa. Anakunywaga mchuzi. Amenikataza kusema."

Babu alimtazama, lakini mdomo wake ulikuwa umejaa. Shangazi alikuwa amesimama na ubavu wake begani. Aliuhamishia bega la pili, akasema: "Lakini baba, inapaswa kuja ikiwa nzima."

"Ndiyo," Babu alisema. Alimeza kwanza. "Mwakani ije nzima. Ije na kamba yake. Niishike, niambiwe rangi. Nikishaiona, isagwe hapa hapa mbele yangu. Mke wa mwanangu aje na mashine yake." Akanigeukia. "Na kamba ataichukua huyu."

Utaratibu ukawa huo. Kila Krismasi iliyofuata Mama alifunga mashine ndani ya kitenge na tulipanda nayo basi, na kila mwaka kondakta aliuliza tumebeba injini ya nini. Barazani kwa Babu iliwekwa kwenye ncha ya benchi na mimi nilikaa ncha ya pili. Babu alipokea nundu kwa mikono miwili, Mama alimtajia rangi ya ng'ombe, kwa kuwa sasa alikuwa akienda Mugeta mwenyewe siku ya kuchinja. Mimi nilifungua kamba. "Umefika ngapi?" Babu aliuliza. Mwaka wa pili nilimwambia arobaini na nane, wa tatu sabini na moja. Shangazi aliendelea kumwita Mama mtu wa samaki, ila sasa alimwita hivyo akiwa na mkate mkononi, na siku jiwe la kukandamizia liliposahaulika Bunda, yeye ndiye aliyelalamika kuliko wote.

Kuhusu uongo wangu, Mama alisema mara moja tu, tukiwa tunarudi siku ile. "Mashine utaiosha wewe. Na kila skrubu." Niliiosha mpaka nilipoolewa.

Sasa naishi Musoma. Mtu akitaka mkate wenye nyama ya kusaga habani mashine popote. Vijana wangu wanabonyeza simu, bodaboda anapiga honi getini, na baga inaingia ndani ya boksi ikiwa na michuzi mitatu na imelowa mpaka chini. Nawaambia mkate uliolowa ni uji. Wananiangalia kwa huruma. Buchani nyama iko tayari imesagwa, kwenye sinia, chini ya kioo, na ukiuliza ni sehemu gani muuzaji anajibu ni nyama, mama. Ninaponunua kipande kizima, nyumbani nakiweka kwanza mezani kila mtu akione, ndipo nasaga. Binti yangu aliwahi kuuliza kama ninaitambulisha nyama kwa familia. Nikamwambia ndiyo. Alipiga picha.

Babu, Bibi, baba mkubwa, Shangazi na baba wametangulia. Ng'ombe wa Mugeta wamebaki wachache, na mashamba yamegawanywa. Lakini wajukuu waliobaki kule hawajaacha kuchinja, na kwa mpango ule ule ambao hakuna aliyeuandika, mkubwa wa ukoo aliyebaki hai sasa ni Mama. Anaishi na mimi. Ana meno mawili.

Krismasi iliyopita alikuja kijana mmoja kutoka Mugeta, mjukuu wa baba mkubwa, mtoto mwenye adabu. Mama alikuwa amekaa sebuleni amevaa kitenge kilichopigwa pasi. Alinyoosha mikono miwili, viganja juu. Kijana alimwekea kopo la plastiki lenye mfuniko.

"Bibi, tulijua huwezi kutafuna," alisema. "Tumeipitisha buchani Bunda wakatusagia kabisa."

Mama alilishika kopo. Lilikuwa limefungwa kamba ya katani, mizunguko miwili, juu ya mfuniko ambao ungefunga vizuri bila kamba yoyote.

"Hii kamba ya nini?" alimuuliza.

"Sijui, Bibi. Walisema lazima iwe na kamba."

"Ng'ombe alikuwa rangi gani?"

Kijana alitoa simu akapiga Mugeta. Aliyepokea alimuuliza mwingine, na huyo akamuuliza mwingine. Tulisikia sauti zao zikibishana. Mmoja alisema mweusi, mwingine alisema yeye alifika wameshamchuna. Kijana alikata simu akasema atatuma meseji.

"Sawa, mjukuu wangu," Mama alisema. "Mmefanya vizuri. Kaa ule."

Niliibana mashine kwenye ncha ya meza kwa mazoea kabla sijakumbuka kwamba haina kazi, nikaifungua tena. Nilikaanga vitunguu, nikatwanga pilipili nane, nikakausha nyama mpaka ikalia. Mafuta yalitoka kidogo, ya nyama ya kawaida iliyochanganyika. Huenda nundu ilikuwemo. Mama alikula mkate mmoja, polepole, taya likienda mbele na nyuma, akasema ni mzuri. Hakuchukua wa pili.

Kamba alikuwa ameiweka mapajani tangu mwanzo. Alipomaliza kula aliikunja mara nne, akanipa.

"Chukua yako," alisema.

Nina miaka hamsini na mitatu na magoti yangu yanaongea nikipanda ngazi. Niliipokea kwa mikono miwili. Iko jikoni, kwenye msumari juu ya mashine, na meseji ya rangi ya ng'ombe haijafika mpaka leo.